Benadeta si kosa la tahajia

MWEZI uliopita mpwa wangu alinipigia simu kutoka Kitale akiwa karibu kulia. Cheti chake cha kuzaliwa kinasema Benadeta; cha shule kinasema Bernadette. Karani wa ofisi moja alikuwa amemwambia kwamba hayo ni majina mawili, na kwamba hilo la kwanza ati "limeandikwa kikwetu", kwa hivyo akaape mbele ya wakili.

"Khocha, sasa lipi ndilo jina langu?"

Tuanzie mbali kidogo. Bernard ni jina la Kijerumani cha kale lililoingia Ufaransa na Wafranki. Sehemu ya kwanza ni dubu, ya pili ni shupavu. (Huku kwetu hatuna dubu, hata neno lenyewe tuliazima kwa Waarabu.) La kike ni Bernarde. Kisha kuna kiambishi tamati -ette, kinachoonyesha udogo. Ndicho kilichomo katika maisonnette, yaani nyumba ndogo, ingawa Mkenya akiuziwa mezoneti huuziwa jumba la ghorofa! Bernadette, basi, ni Bernarde mdogo.

Mbukusu hahitaji kuelezwa sana. Wafula ana Nafula, Wekesa ana Nekesa. Sisi hubadilisha mwanzo wa jina, wao mwisho.

Aliyelivumisha jina hili ni Bernadette Soubirous, aliyezaliwa Lourdes, kusini-magharibi mwa Ufaransa, tarehe 7 Januari 1844. Alibatizwa Marie-Bernarde. Msimamizi wake wa ubatizo alikuwa dada ya mamake, naye aliitwa Bernarde. Mtoto akabaki na jina la kudekezwa. Mwaka 1858, akiwa na miaka 14, alisema amemwona Bikira Maria pangoni.

Watu wakisimulia kisa hicho husahau suala la lugha. Msichana huyo hakulelewa kwa Kifaransa. Kwao walizungumza Kioksitani, lahaja ya Gascogne, na alishikilia kwamba yule Mama alimsemesha kwa lugha hiyohiyo ya nyumbani. Sasa, katika Kioksitani kiambishi hicho cha udogo si -ette bali ni -eta. Kwa lugha ya mama, jina lake huandikwa Bernadeta.

Kumbe!

Sisemi kwamba ile a yetu ilitoka Lourdes moja kwa moja. Ilitoka kwa Kilatini cha mapadri na kwa mazoea ya Kiswahili ya kumalizia neno kwa irabu. Bernadette alitangazwa mwenye heri mwaka 1925, mwaka uleule Roma ilipounda eneo la kitume la Kavirondo chini ya wamisionari wa Mill Hill. Utakatifu ukafuata 1933. Jina likapitia kanisani hadi vijijini Bungoma. Huko r ikadondoka, kwa sababu tunapenda silabi wazi. Marehemu nyanya yangu hata d hakuitamka, maana katika Lubukusu sauti hiyo huja baada ya n tu. Yeye alisema Benateta, na aliyeitwa aliitika.

Nilimtumia mpwa wangu pesa za wakili jioni hiyohiyo, kwa sharti kwamba jina litakalobaki liwe lile la cheti cha kuzaliwa. Pesa amepokea. Kuhusu sharti, bado hajanijibu.