Msamaha Una Mwenyewe

Katika mazishi ya Waislamu wa pwani, kabla jeneza halijabebwa kwenda makaburini, imamu au ndugu wa marehemu husimama akatangaza mambo mawili. Aliyekuwa akimdai marehemu awaone wafiwa ili deni lilipwe, na aliyekosewa naye amwie radhi. Tangazo lenyewe ni fupi, na waliozoea misiba hulisikia kama sehemu ya utaratibu tu. Lakini limebeba fundisho ambalo dini, fasihi na falsafa zimelirudia kwa karne nyingi, na ambalo wenye madaraka wamelisahau kila walipokuwa na haraka ya kupatanisha watu: msamaha una mwenyewe, naye ni yule aliyetendewa.

Haki za waja

Wanazuoni wa Kiislamu waliyatenga makosa yanayomhusu Mungu peke yake na yale yanayogusa haki za waja. Imamu Nawawi, aliyefariki mwaka 1277, alieleza katika Riyadh as-Salihin kwamba toba ina masharti matatu: kuiacha dhambi, kuijutia, na kuazimia kutoirudia. Ikiwa dhambi hiyo imemgusa binadamu, linaongezeka sharti la nne, la kumrudishia haki yake au kumtaka radhi. Hadithi ya muflisi iliyomo katika Sahihi Muslim inaonyesha uzito wa sharti hilo. Mtu anafika Siku ya Kiyama na swala, saumu na zaka zake, lakini duniani alimtukana huyu, akala mali ya yule, akampiga mwingine. Thawabu zake zinagawiwa wale aliowadhulumu, na zikiisha anatwikwa dhambi zao. Hata katika mauaji, aya ya 178 ya Sura ya al-Baqara inaiachia familia ya aliyeuawa nafasi ya kusamehe na kupokea dia, yaani fidia ya damu, badala ya kisasi.

Wayahudi walikuwa na fundisho kama hilo tangu zamani. Mishna, mkusanyo wa sheria zao za mapokeo, inasema kwamba Siku ya Upatanisho haifuti kosa la mtu kwa mwenzake mpaka amridhishe mwenzake huyo. Musa bin Maimun, mwanafalsafa wa karne ya 12 aliyezaliwa Cordoba na kufariki Misri mwaka 1204, aliweka utaratibu kamili. Mkosaji amwendee aliyemkosea. Akikataliwa, aje na watu watatu wamwombee, na arudie hivyo hadi mara tatu. Kama aliyekosewa amekwisha kufa, mkosaji achukue watu kumi, aende nao kaburini, akiri kosa lake mbele yao, na mali anayodaiwa awakabidhi warithi. Kifo cha mdai hakikumwondolea mkosaji wajibu, kilimwongezea mashahidi.

Katika Injili ya Mathayo yamo maagizo mawili. Sura ya 18 inamwambia aliyekosewa asamehe hata saba mara sabini. Sura ya 5 inamwambia mtu anayeleta sadaka madhabahuni, akikumbuka kwamba ndugu yake ana neno juu yake, aiache sadaka hapo hapo, aende kwanza akapatane naye. Agizo la kwanza linahubiriwa sana, tena mara nyingi kwa mwanamke aliyepigwa, kwa mtoto aliyedhulumiwa, kwa mnyonge asiye na mtetezi. La pili halisikiki sana, na huko ni kuwabebesha walioumizwa mzigo wote na kumwacha aliyeumiza akiendelea kutoa sadaka kwa raha zake.

Rehema ya mwenye nguvu

Fasihi imeyaona mambo haya kwa jicho kali. Mwalimu Julius Nyerere alipotafsiri The Merchant of Venice ya Shakespeare na kuitoa kwa jina la Mabepari wa Venisi mwaka 1969, wasomaji wengi wa Kiswahili walikutana na Portia akiisifu rehema mahakamani. Hotuba ni nzuri, lakini inafaa kutazama yanayofuata. Shylock, mkopeshaji Myahudi aliyetaka ratili ya nyama ya mdeni wake, anashindwa kesi. Anahurumiwa maisha yake, lakini kwa sharti la kuacha dini yake. Antonio, mdeni huyo aliyekuwa akimtukana na kumtemea mate hadharani, hasemi popote kwamba naye alikosa. Rehema inatoka upande mmoja tu, upande wenye sheria na nguvu, na kosa la upande huo halitajwi. Mwishoni wahusika wote wanasherehekea isipokuwa mmoja.

Askofu Joseph Butler wa Uingereza, katika hotuba alizochapisha mwaka 1726, alimtetea aliyeumizwa dhidi ya wale wanaomwona mwovu kwa sababu tu ana uchungu. Kwake, hasira inayozaliwa na dhuluma ni ya maumbile na ina kazi yake. Kinachokatazwa ni kuiacha ikue mpaka iwe chuki na kisasi. Naye Hannah Arendt, mwanafalsafa wa Kiyahudi aliyewakimbia Wanazi, aliandika mwaka 1958 kwamba tendo likishatendwa halirudi nyuma, na kwamba bila msamaha binadamu angefungwa maisha yake yote na tendo moja.

Swali gumu zaidi aliliuliza Simon Wiesenthal katika kitabu chake kiitwacho Alizeti, kilichotoka mwaka 1969. Alikuwa Myahudi, mfungwa wa Wanazi akifanyishwa kazi ya lazima katika mji wa Lwów. Muuguzi akamwita hadi kitandani kwa askari wa SS aliyekuwa akikata roho, uso umefungwa bandeji. Askari huyo akamsimulia jinsi yeye na wenzake walivyowafungia Wayahudi ndani ya nyumba, wakaitia moto. Alitaka asamehewe na Myahudi, yeyote yule. Wiesenthal alisikiliza mpaka mwisho, kisha akatoka bila kusema neno. Baadaye aliwauliza waandishi na viongozi wa dini: wewe ungefanya nini? Wengi walimjibu kwamba hakuwa na mamlaka ya kusamehe kwa niaba ya walioteketea. Naona walisema kweli. Askari alijuta, lakini alimtaka radhi mtu asiye mdai wake, na wadai wake alikuwa amewaua mwenyewe.

Suluhu za mataifa

Baada ya utawala wa ubaguzi wa rangi, Afrika Kusini ilikutana na swali hilo kwa kiwango cha taifa zima. Sheria ya mwaka 1995 iliunda Tume ya Ukweli na Maridhiano chini ya Askofu Mkuu Desmond Tutu. Aliyetenda uovu kwa sababu za kisiasa aliweza kuepushwa na mashtaka akisema ukweli wote. Hakulazimika kujuta wala kuomba radhi. Familia za wanaharakati waliouawa, zikiwemo za Steve Biko, Griffiths Mxenge na Ribeiro, zilipinga mpango huo mbele ya Mahakama ya Katiba mwaka 1996, zikashindwa. Kati ya maombi 7,112 yaliyopelekwa, yaliyokubaliwa ni 849. Kazi ya Tume ilikuwa kubwa: mama waliambiwa mbele ya taifa kilichowapata wana wao, na nchi iliyosubiriwa iwake moto haikuwaka. Lakini watendaji walipata kinga yao mara tu maombi yao yalipokubaliwa, ilhali waathirika walisubiri hadi mwaka 2003 ndipo serikali ikatangaza kuwalipa randi 30,000 mara moja, chini ya kiwango ambacho Tume ilipendekeza.

Waacholi wa kaskazini mwa Uganda wana njia nyingine, mato oput. Mtu wa ukoo mmoja akimuua wa ukoo mwingine, koo hizo haziruhusiwi kula wala kunywa pamoja. Wazee huenda huku na huku, kosa likakiriwa, fidia ikakubaliwa na kulipwa. Ndipo pande mbili zinapokutana, wakainama mbele ya kibuyu kimoja na kunywa mchanganyiko wenye mzizi mchungu wa mti wa oput. Uchungu huo wanaunywa wote wawili, aliyekosa na aliyekosewa, lakini haunywi mtu mpaka kosa liwe limesemwa. Waacholi wenyewe wamejadiliana kama desturi ya mauaji baina ya koo mbili inatosha kwa maovu ya vita vya waasi wa Lord's Resistance Army, ambamo pengine hajulikani nani alimuua nani. Wasiwasi huo ni wa haki: pasipojulikana mdai na mdaiwa, kibuyu hakina wa kukinywea.

Songea

Tarehe 27 Februari 1906, katika Vita vya Maji Maji, Wajerumani waliwanyonga mjini Songea, kusini mwa Tanzania ya leo, viongozi na wapiganaji wa Kingoni zaidi ya 60. Nduna Songea Mbano naye alinyongwa mwaka huo, na inaaminika kwamba kichwa chake kilipelekwa Ujerumani. Vita na njaa iliyosababishwa na uchomaji wa mashamba na maghala viliua watu ambao wanahistoria wengine wanawakadiria kufikia 300,000. Tarehe 1 Novemba 2023, Rais wa Ujerumani Frank-Walter Steinmeier alifika Songea, akakutana na kizazi cha Nduna Songea, akaomba msamaha na kuahidi kusaidia kulitafuta fuvu hilo.

Safari hiyo ilikuwa na jambo ambalo mpango wa Namibia ulikosa. Mwaka 2021 serikali za Ujerumani na Namibia zilikubaliana juu ya mauaji ya kimbari ambayo Wajerumani waliwatendea Waherero na Wanama, na Ujerumani ikaahidi euro bilioni 1.1 kwa miaka 30. Wawakilishi wengi wa jamii hizo walikataa, wakisema wao ndio wenye msiba na hawakuwa mezani. Songea, angalau, mkosaji alimfuata mdai nyumbani kwake.

Tunapenda kusema yaliyopita si ndwele, tugange yajayo. Ni methali ya hekima inapotoka kinywani mwa aliyeumizwa. Ikitoka kwa aliyeumiza ni kujisamehe mwenyewe. Waliokufa Songea hawawezi tena kusema neno lao, na hakuna rais, waziri wala ukoo unaoweza kulisema lote badala yao. Kilichobaki ni yale yanayowezekana: kukiri kosa hadharani, kuwarudishia warithi mabaki ya wazee wao wayazike, na kuwafundisha watoto wa Ujerumani yaliyotendwa kwa jina la nchi yao. Yakishatimizwa hayo, kizazi cha waliodhulumiwa kitakuwa na msingi wa kusamehe, na kitakuwa huru kusamehe au kutosamehe.