Jumba Lililonyumbua Saa: Al-Jazari na Historia ya Kuhesabu Wakati katika Kiswahili

Utangulizi

Katika ngano za mataifa mengi husimuliwa habari za fundi ambaye majengo yake hutawala wakati: humo saa hurefuka na kufupika kwa amri yake. Historia ya ustaarabu wa Kiislamu inamtaja fundi wa namna hiyo aliyeishi kweli na kuacha kitabu. Naye ni Ibn al-Razzaz al-Jazari, mhandisi wa watawala wa ukoo wa Artuq katika mji wa Amid, ambao leo ni Diyarbakır nchini Uturuki. Lakabu yake ilikuwa Badi' al-Zaman, yaani "Ajabu ya Zama". Mhadhara huu unadai kwamba kazi yake inatusaidia kuelewa jambo linalowahusu wasemaji wa Kiswahili kila siku, nalo ni namna wanavyozihesabu saa.

Jumba la Saa

Mwaka 1206 al-Jazari alikamilisha kitabu kinachoeleza vyombo 50, pamoja na vipimo na michoro yake. Cha kwanza ni saa kubwa ya maji yenye umbo la lango la ngome. Ndani yake boya lilishuka polepole kadiri maji yalivyotoka, nalo likavuta kamba iliyoendesha mitambo yote. Kila saa ilipotimia mlango ulifunguka, sanamu ikajitokeza, na vipanga wawili wa shaba wakainama na kudondosha tufe juu ya toazi. Ilipotimu saa ya sita, ya tisa na ya kumi na mbili, sanamu za wapiga ngoma, tarumbeta na matoazi zilitumbuiza.

Hata hivyo, ajabu kubwa zaidi haikuonekana kwa macho. Enzi hizo mchana, uwe mrefu au mfupi, uligawanywa katika saa 12 zilizo sawa. Kwa kuwa Amid iko mbali na ikweta, saa moja ya mchana katika kilele cha kiangazi ilikuwa na zaidi ya dakika 70 za leo, ilhali katikati ya majira ya baridi haikufika dakika 50. Hizo zaweza kuitwa saa nyumbufu. Ilibidi basi jumba libadili mwendo wake siku hadi siku. Al-Jazari alivijaribu vidhibiti vya maji vya waliomtangulia, akavikuta havina usahihi. Akaunda chake, chenye alama za buruji 12, ambacho mtunzaji alikigeuza kulingana na siku ya mwaka. Tundu la maji lilipopandishwa, shinikizo lilipungua na saa ikarefuka; liliposhushwa, saa ikafupika.

Hila na Saa

Jina la kitabu hicho lina neno la Kiarabu *hiyal*, ambalo ni wingi wa *hila*. Kwa al-Jazari neno hilo lilitaja elimu ya mitambo. Kiswahili kimelipokea neno *hila*, lakini kimebaki na maana ya ujanja, hasa wa kudanganya. Maana ya ufundi haikuvuka pamoja na neno. Kwa upande mwingine, neno *saa* limeingia na maana pana: hutaja kipindi, hutaja chombo, na hutumika pia kuulizia wakati.

Hapadaiwi kwamba Waswahili walijifunza kuhesabu saa kutoka kwa al-Jazari. Linalodaiwa ni kwamba hesabu zote mbili ni za aina moja: saa huanza kuhesabiwa jua linapochomoza na linapotua. Warumi nao waliuita wakati wa adhuhuri saa ya sita, na neno la Kihispania *siesta* limetokana na hesabu hiyo. Waamhari wa Ethiopia wangali wanahesabu hivyo hadi leo. Ulaya iliiacha hesabu hiyo hatua kwa hatua, baada ya saa za mitambo zenye vipindi visivyobadilika kuenea tangu karne ya 14.

Kwa nini Kiswahili hakikuiacha? Sehemu ya jibu imo katika jiografia. Unguja, iliyo takriban nyuzi 6 kusini mwa ikweta, tofauti kati ya mchana mrefu kuliko yote na ule mfupi kuliko yote haifiki saa moja. Kile ambacho al-Jazari alikihangaikia kwa maboya na vidhibiti, jua la pwani lilikitoa bila fundi. Saa za mitambo zilipofika, msemaji hakulazimika kuchagua kati ya jua na chombo, kwani vyote viwili vilikubaliana vya kutosha.

Hitimisho

Hivyo basi, kauli kwamba Waswahili huisoma saa "kinyume" haina msingi wa kihistoria. Mshale ukiwa kwenye 1, nao wakasema saa saba, hawakosei wala hawageuzi chochote, bali wanahesabu tangu mapambazuko, kama walivyohesabu watu wa Amid na Roma. Mwanafunzi anayefundishwa kujumlisha au kutoa sita tu, bila kuelezwa sababu, hufundishwa kuiona lugha yake kama kivuli cha lugha nyingine. Wanaleksikografia wanaweza kurekebisha hali hiyo kwa kueleza, chini ya kidahizo *saa*, mahali hesabu inapoanzia, na chini ya *hila*, maana iliyoachwa njiani.