Kompyuta iliyozaliwa juu ya maji ya mimea



Juzi mwenzetu mmoja wa informatike alinichokoza: "Ninyi wa agronomia, kompyuta iko ya nini kwenu? Chukueni jembe." Tulicheka wote. Lakini neno lilinibaki moyoni, sababu historia yenyewe inamjibu. Kompyuta ndogo ya kwanza yenye mikroprosesa, iliyouzwa ikiwa tayari imeunganishwa, waliyoiomba ni watu wa kilimo.

Turudi Ufaransa, mwaka 1972. Kuko taasisi ya taifa ya utafiti wa kilimo, INRA. Mtafiti wake, Alain Perrier, alikuwa anapima evapotranspirasioni, ni kusema maji ambayo udongo na mimea vinapoteza kwenda hewani. Sisi wa fakilte ya kilimo tunajua: bila hesabu hiyo, hujui shamba limwagiliwe kiasi gani. Joto, unyevu, upepo, jua, vyote vinapimwa palepale shambani, tena na tena, kisha vinahesabiwa. Kompyuta za wakati ule zilizoweza kazi hiyo, kama PDP-8 ya Wamarekani, zilikuwa bei ya juu sana kwao.

Wakaenda basi kwa kampuni ndogo, R2E, ya André Truong, Mfaransa mzaliwa wa Vietnam. Kazi ilimwangukia injinia François Gernelle. Mwaka uleule Intel ilikuwa imetoa 8008, kipande kidogo cha silisiamu chenye transista kama 3 500, kinachoshughulikia biti 8 kwa mara moja. Mbele ya hapo, sehemu ya kompyuta inayofanya hesabu ilijengwa kwa kadi zilizojaa vipande vingi. Gernelle akaona kwamba kipande hiki kimoja kingetosha. Yeye na wenzake wachache walifanya kazi usiku na mchana, na mwezi wa kwanza 1973 mashini ikafika INRA. Ikaitwa Micral N.

Usifikirie laptop. Haikuwa na ekrani wala klavye yake. Programu ilisomwa kutoka utepe wa karatasi wenye matundu. Mwendo wake ulikuwa kilohezi 500, na simu iliyo mfukoni mwako inaupita mara maelfu. Lakini ndani, kadi zote zilichomekwa kwenye njia moja ya kupitisha data: ukitaka kuongeza kitu, unachomeka kadi nyingine. Bei ilikuwa faranga 8 500, chini sana ya zile kubwa.

Sasa, kwa nini tunasikia zaidi Altair 8800? Hiyo ilitokea kwenye ukurasa wa mbele wa gazeti la Popular Electronics, Januari 1975. Ilikuwa dola 397, vipande unaunganisha mwenyewe nyumbani, na memware ya baiti 256 tu. Vijana wa Marekani wakaikimbilia, na Bill Gates na Paul Allen wakaiandikia lugha ya BASIC. Micral ilikaa kazini, mpaka kwenye vituo vya kulipia barabara kuu. Altair iliingia kwa watu, ikapata umati, na umati njo unaandika historia. Ni 1986 tu ambapo jopo la jumba la makumbusho ya kompyuta la Boston, Steve Wozniak akiwa ndani, liliipa Micral nafasi ya kwanza. Na Gernelle mwenyewe? Sifa ilikuwa imeenda kwa mkubwa wake. Alipigania jina lake hadi mahakama ya Ufaransa ikamtambua, 1998.

Hadithi hii inanigusa. Kwa kazi yangu ya mwisho ya lisansi nilihesabu maji ya shamba la maharagi kwa kalkileta na daftari. Wiki mbili mbele ya kutetea, nikagundua kosa kwenye kolone moja, na kila siku iliyofuata ilikuwa imejengwa juu yake. Nilianza upya, kwa taa ya simu, sababu umeme haukukuwa. Sikujua kwamba hesabu ileile, karibu miaka hamsini nyuma, ilizaa mashini.

Perrier hakuwa mtu wa informatike. Alikuwa na swali wazi: nataka kupima hiki, kila mara hivi, kwa bei hii. Injinia alijibu swali hilo. Huku kwetu mvua haziheshimu tena kalenda ya wazee, na mama anayepanda maharagi anauliza alime lini. Mashini leo ziko, tena za bei ndogo. Kama sisi hatuandiki swali lake vizuri, nani atalijibu?

Kwa hiyo, ndugu wa informatike, jembe nimelichukua. Lakini wewe njoo na mashini yako, tukae meza moja. Na tukimaliza, tuandike majina ya wote waliofanya kazi.