Hong Sang-soo: Mwongozaji aliyepunguza gharama ili abaki huru

HONG Sang-soo, mwongozaji wa filamu wa Korea Kusini, alizaliwa Seoul mwaka 1960. Alisomea filamu nchini kwao, kisha akaendelea na masomo Marekani, katika vyuo vya sanaa vya California na Chicago. Filamu yake ya kwanza, The Day a Pig Fell into the Well, ilitoka mwaka 1996.

Waongozaji wengi wanapopata sifa hutafuta bajeti kubwa zaidi. Yeye alishika njia ya kinyume. Alianzisha kampuni yake, Jeonwonsa, akapunguza wafanyakazi hadi wakabaki wachache, na akazoea kuandika mazungumzo ya waigizaji asubuhi ya siku yenyewe ya kupiga picha. Katika filamu zake kadhaa za miaka ya 2020 alishika kamera, akahariri na kutunga muziki mwenyewe.

Filamu hizo hazijazi kumbi za Seoul, lakini udogo wa gharama umemwezesha kutoa kazi mpya karibu kila mwaka bila kusubiri idhini ya mfadhili. Tuzo nazo hazikumpita: mwaka 2015 alitwaa Chui wa Dhahabu katika tamasha la Locarno, Uswisi, na mwaka 2020 Dubu wa Fedha wa mwongozaji bora mjini Berlin, Ujerumani.