Utomvu wa Saladi na Kivuli cha Afyuni: Historia ya Dawa Iliyotokana na Mfanano

Shina la saladi iliyokaribia kuchanua likikatwa, hutoka utomvu mweupe mithili ya maziwa. Warumi waliuita mmea huo lactuca, jina linalotokana na lac, yaani maziwa. Sifa yake ya kuleta usingizi nayo ni kongwe. Galen, tabibu wa karne ya 2 BK, aliandika kwamba uzeeni alikula saladi jioni ili alale. Kabla yake, Dioscorides alikwisha kueleza kuwa wapo waliochanganya utomvu wa saladi mwitu na ule wa mpopi. Kauli hii yahitaji tahadhari, kwani mgonjwa aliyelala baada ya kunywa mchanganyiko wa namna hiyo hakuwa ushahidi wa nguvu za saladi.

Dhana hiyo ilihuishwa mwaka 1799, John Redman Coxe wa Philadelphia alipochapisha uchunguzi uliolinganisha afyuni na utomvu wa saladi ya bustani. Huko Edinburgh, Andrew Duncan aliuita utomvu uliokaushwa laktukario, akaupendekeza badala ya afyuni. Mfanano ulishawishi: tomvu zote mbili hutoka zikiwa nyeupe, hugeuka kahawia zikikauka, na zote ni chungu. Nchini Ufaransa, Aubergier alilima saladi ndefu karibu na Clermont-Ferrand kwa ajili ya uvunaji huo.

Kemia haikuuthibitisha undugu uliodhaniwa. Mofini, kiini cha nguvu za afyuni, haimo katika saladi. Uchungu wake hutokana na laktusini na laktukopikrini, ambazo majaribio ya panya yaliyochapishwa mwaka 2006 yalionyesha kuwa hupunguza maumivu. Kwa hiyo si haki kuiita imani ya kale ushirikina mtupu. Lakini kipimo alichopewa panya maabara si majani ya mlo wa jioni.

Jambo ambalo matabibu hao hawakulitilia maanani ni faida ya utomvu kwa mmea wenyewe. Utomvu hukaa katika mirija membamba kwa shinikizo; mdudu akiuma jani, humbubujikia, humnata kinywani na kumkera kwa uchungu. Ndiyo maana baadhi ya viwavi hukata kwanza mishipa ya jani, wakasubiri utomvu umwagike, ndipo wale sehemu iliyobaki mbele ya mkato.