Misimu Mitatu ya Usambara

Barabara ya kutoka Mombo kwenda Lushoto ni ya kilomita zipatazo 33 tu, lakini hupanda karibu mita 1,000. Abiria aliyeondoka Mombo akijipepea hufika Lushoto akitafuta sweta. Mbele zaidi, kuelekea Lukozi na Mtae, baridi ya Julai humfanya mtu aote moto asubuhi. Katika milima ya namna hii, swali la lini mboga zipandwe halijawahi kuwa na jibu moja.

Wasambaa walilijua hilo tangu zamani. Vijiji vyao vingi vilikaa karibu na ukingo wa milima, ili familia moja iweze kulima pande mbili: migomba juu, jirani na nyumba, na mashamba mengine chini nyikani, ambako joto na mvua vina ratiba yake. Mvua ikigoma huku, huenda ikanyesha kule. Mwaka nao waliugawa kwa mvua: ng'waka, yaani masika, kuanzia Machi, mluati, mvua nyepesi za katikati ya mwaka, na vui, ndiyo vuli, mwaka unapoelekea ukingoni.

Mvua ilikuwa pia jambo la ikulu. Kimweri ye Nyumbai, ambaye mmisionari Johann Ludwig Krapf alimkuta akitawala alipofika Usambara mwaka 1848, aliaminika kuwa na uwezo wa kuileta mvua na kuizuia. Alipofariki mwaka 1862, warithi wake waligombana, na kwa wananchi ugomvi wa watawala ulimaanisha njaa.

Viazi ulaya, kabichi na mboga nyingine za Ulaya zilistawishwa huku na Wajerumani. Mwaka 1896 walianzisha kituo cha majaribio ya kilimo Kwai, si mbali na Lushoto, mji ambao wao waliuita Wilhelmstal. Baridi iliwavutia, waliona Ulaya ndogo. Lakini jua la Usambara si la Ulaya, na mboga hizo zilipata maisha marefu zaidi mikononi mwa Wasambaa, waliozihamishia kwenye mabonde yao na mifereji yao.

Waingereza nao walikuja na mpango wao. Kuanzia mwaka 1946, katika bonde la Mlalo, wakulima waliamriwa kulima matuta ili kuzuia mmomonyoko. Mmomonyoko ulikuwa wa kweli. Hata hivyo, amri ilidai nguvu kazi nyingi, hasa ya wanawake, wakati wa kuandaa mashamba, ambapo kila siku ina thamani. Watu wakakataa, na mwaka 1957 mpango ukaachwa. Serikali ilichunguza udongo vizuri kuliko ilivyochunguza mwaka wa mkulima.

Leo mboga hazisubiri mvua peke yake. Masika yakiisha, kazi huhamia bondeni. Miche ya kabichi hutoka kitaluni ikiwa na umri wa wiki nne hivi, na hupandikizwa jioni ili jua lisiiunguze. Mkulima hufungua mfereji kwa pigo la jembe, maji yakitosha tuta la kwanza huziba kwa udongo, kisha hufungua la pili. Kipupwe huipenda kabichi na karoti. Nyanya ni habari nyingine: mvua na ukungu huleta bakajani, ambayo ikichelewa kudhibitiwa hulimaliza shamba kwa siku chache. Ndiyo maana wengi huipanda mvua zikipungua, na ndiyo maana bei huanguka wote wanapovuna pamoja. Anayethubutu kuipanda masika hubahatisha mtaji wake wote.

Kwa hiyo kalenda moja ya upandaji kwa wilaya nzima ya Lushoto haifai, hata ikichapwa kwa rangi nzuri. Bwana shamba anayetaka kusaidia aanze kwa kumuuliza mkulima shamba lake liko mwinuko gani, linatazama upande upi, na maji ya mfereji humfikia siku gani.