Mswahili Aliyebeba Sinia katika Filamu za Kijerumani

Utotoni hapa Kamuli, tulipotoka kwenye banda la video, tulibishana juu ya steringi tu: amepiga wangapi, na kwa nini hakufa. Aliyefungua mlango au kubeba sinia hatukuuliza jina lake. Nimekumbuka kosa letu hilo niliposoma maisha ya Mahjub bin Adam Mohamed, aliyejulikana Ujerumani kwa jina la Bayume Mohamed Husen.

Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, baba yake akiwa askari Msudani katika jeshi la Wajerumani. Vita Kuu ya Kwanza ilipozuka, mtoto huyu wa miaka 10 aliingia vitani pamoja na baba yake, na mwaka 1917 alijeruhiwa Mahiwa, kusini mwa nchi yetu. Baadaye alifanya kazi melini, hata mwaka 1929 akafika Berlin na kudai mshahara wa jeshini, wake na wa baba yake, ambao haukuwa umelipwa. Wizara ya Mambo ya Nje ilimkatalia kwa hoja kwamba muda wa kudai ulikuwa umekwisha pita.

Akabaki huko. Alihudumu katika mgahawa wa Haus Vaterland, akasaidia kufundisha Kiswahili chuoni, na mwaka 1933 akamwoa Maria Schwandner, Mjerumani. Mwaka 1934 aliomba nishani ya wapiganaji wa vita, akakataliwa tena. Lakini mwaka huohuo filamu zilianza kumhitaji. Hadi 1941 alionekana katika filamu zaidi ya 20, mara nyingi akiwa mtumishi au mpagazi asiyetajwa jina. Nafasi yake kubwa kuliko zote ilikuwa ya Ramasan katika filamu ya Carl Peters (1941), iliyomtukuza mtu ambaye wazee wetu walimwita Mkono wa Damu.

Dola iliyokana utumishi wake wa kweli ilimlipa aigize utii mbele ya kamera. Mwaka uleule wa 1941 Gestapo walimkamata kwa kuwa na uhusiano na mwanamke Mjerumani mweupe. Hakufikishwa mahakamani. Alipelekwa kambi ya Sachsenhausen, akafia humo tarehe 24 Novemba 1944.

Mwanahistoria Marianne Bechhaus-Gerst aliandika maisha yake mwaka 2007. Mwaka 2013 Eva Knopf, mtengenezaji wa filamu za hali halisi, alitoa Majubs Reise: alizirudia filamu zilezile za zamani, safari hii akimfuata mbeba sinia na kuwaacha mabwana pembeni.

Husen hakuwa mpinga ukoloni, nami sidai awe shujaa wetu. Nadai tumjue. Wanafunzi, mnapotazama filamu ya zamani, ulizeni majina ya waliosimama nyuma. Nanyi watumishi wa umma, mzee anapokuja na faili la mafao yake, kumbukeni kwamba tarehe ya mwisho inaweza kufunga faili, lakini jasho lake bado halijalipwa.